Wa Tatu Kutoka Kushoto

Ambrose, fundi seremala, aliitwa klabuni kutundika picha ya mabingwa wa kwanza wa raga, ule mpira wenye umbo la yai. Akasoma majina chini yake. Mchezaji wa tatu kutoka kushoto aliandikwa: Hajulikani.

"Huyu ni mimi," alisema.

Katibu akacheka. "Wenzake wote wameshakufa, mzee. Nani atathibitisha?"

"Misimu tisa nimewachezea! Kidole hiki kilivunjikia hapo nje, nikakifunga kitambaa nikarudi uwanjani. Leo sijulikani?"

"Wewe piga msumari tu."

Ambrose akaitua nyundo. Akasimama kando ya picha, akakunja mikono kifuani kama yule mchezaji. Kidole kimoja, chake na cha pichani, kilikataa kukunjika.