Kionjo

Kigari kiliingia uani adhuhuri, Fadhila akiwa anapara samaki. Kilimpita, kikaenda moja kwa moja kwa mwanawe Rawda aliyekuwa akicheza kivulini, kikanyoosha mkono mwembamba wa chuma, kikamdunga kidoleni. Kilichukua tone la damu, kikageuka na kutokomea vichakani.

Fadhila alipiga ukelele uliowatoa watu msikitini.

"Ni kigari cha akina Mukhtari," mumewe, Mbwana, alimtuliza. "Hakina ubaya."

Kisiwa kizima cha Chovae kilijua habari za kigari. Mwezi uliopita Mukhtari, mhandisi wa Kismayu, alikuja kuomba ruhusa. Wenzake wa ng'ambo wameunda kigari cha kupelekwa sayari ya Mirihi, na wanataka kukijaribu kwanza kwenye mawe ya kaskazini mwa kisiwa, pasipokaa mtu. Kitajiendesha chenyewe, alisema. Msikiguse, kikija mkipishe. Mbwana ndiye aliyekubali kwa niaba ya wote, na tangu kigari kionekane alitembea kifua mbele kana kwamba amekiunda yeye.

"Huko Mirihi kinaenda kufanya nini?" Fadhila aliuliza, akimfunga Rawda kidole kwa kitambaa.

"Kutafuta vyenye uhai. Mukhtari alieleza vizuri. Kikikuta kichu kipya, kwanza kinaonja kidogo. Kikikipenda, kinarudi kukichukua kizima."

Aliyasema hayo akitabasamu. Fadhila hakutabasamu.

"Juzi kilinyofoa jani la mpapai wa jirani yetu Barke," alisema polepole. "Jana mpapai haupo, hata mizizi haipo. Jana hiyohiyo kikamdunga kuku wangu. Leo asubuhi kuku yuko wapi, baba Rawda? Na tenga nililomfungia liko wapi?"

Kifua cha Mbwana kilinywea chote. Alimtazama binti yake, ambaye alikuwa ameshasahau maumivu na anacheka na kile kitambaa, na kwa mara ya kwanza akaogopa kwelikweli.

"Nenda Kismayu wakizime," Fadhila alisema. "Sasa hivi, kabla hakijarudi."

Alimbeba Rawda, akaingia ndani na kukaza komeo.

Simu ya Mukhtari haikupatikana. Mbwana aliruka kwenye boti ya mashine, na njia nzima alikuwa akipanga maneno makali. Alifika bandarini alasiri, akamkuta mhandisi amesimama nje ya ghala na kikombe cha chai mkononi.

"Haye, Mbwana! Karibu!"

"Kizime!" Maneno yote aliyoyapanga yalikuwa yameruka. "Kigari chenu kimemtoa mwanangu damu. Kizime, wallahi, ama nitakipasua kwa shoka. Mchu hamfanyi mwenzake hivi!"

Mukhtari alimkodolea macho. Alikiweka kikombe chini taratibu, akamshika mkono na kumwingiza ghalani. Mle ndani mlikuwa na sanduku kubwa la mbao, misumari yake yote ikiwa bado imekaza.

"Kigari chetu ndicho hiki, Mbwana," alisema, akiligonga sanduku. "Meli imekishusha leo asubuhi."