Uvimbe Chini ya Ulimi wa Kasuku

Daktari wa mifugo aliupanua mdomo wa kasuku kwa vipande viwili vya bandeji, akamulika ndani. Harufu mbaya ilitoka. Chini ya ulimi palikuwa na uvimbe mwekundu, mkubwa kama punje ya hindi.

"Ameanza lini kuangusha mbegu, mama?"

"Wiki ya tatu sasa. Nilidhani anadeka, nikawa namsagia karanga."

"Huu unakua. Nikiukata leo, anaweza kupona. Ila utaondoka na kipande cha ulimi, na sidhani kama atasema tena."

Shemeji wa yule mama, aliyeshika tundu tupu, aliguna. "Basi turudi naye nyumbani, shemeji. Sauti ya kaka imebaki kwa huyu peke yake. Tumsikilize mpaka siku yake ifike."

Mjane alimtazama. Sauti hiyo ndiyo iliyomwamsha kila asubuhi tangu mazishi ya mumewe.

"Hata kaka yako mlisema tumwache apumzike, tusimsumbue na kisu," alisema polepole. "Nikawasikiliza. Nikanyamaza kama maji ya mtungini. Leo sinyamazi."

"Huyu ni ndege tu."

"Ni ndege, na yu hai."

Daktari alilegeza bandeji. Kasuku akatikisa kichwa, akakohoa kile kikohozi kikavu cha marehemu, kisha akauliza kwa sauti yake ileile, "Mke wangu, chai iko wapi?"

Shemeji aliinamisha uso.

Mjane aliupangusa ule mdomo kwa ncha ya kanga yake.

"Leo utajimiminia mwenyewe," alimwambia, kisha akamgeukia daktari. "Kata."