Mkono Ulioacha Usukani

Kiganja cha Jumwa kilikuwa bado juu ya Biblia karani wa bima alipomuuliza tena, polepole, kama mumewe alikuwa hai lori lilipomgonga yule muuza mihogo.

"Sema kweli, mama. Kama alikata roho kwanza, basi hana kosa, na kampuni haimlipi mtu."

Muuza mihogo aliketi mbele yao, amekumbatia mkongojo, leso imelala bapa pale mguu ulipokuwa.

Jumwa aliukumbuka mteremko wa Changamwe, yeye ameketi kando ya mumewe ndani ya lori. Mkono wa mumewe uliuacha usukani ukamwangukia mapajani, mzito kama gunia lililolowa, vidole havishiki tena. Alimwita mara tatu kabla ya kusikia kile kishindo.

Tangu alinunue lori lile jeshini vita vilipokwisha, marehemu hakuwahi kugonga hata kuku. Siku ya maziko padre alimsifu kwa hilo kaburini, na watu wakaitikia.

Jumwa alikikandamiza kiganja juu ya Biblia.

"Alikuwa hai, bwana," alisema. "Alikuwa akinitazama mimi. Hakutazama njia."