Mlango wa Kifuani

"Mama, nimerudi," Kinyonga alisema kizingitini.

Mpiga picha akasogeza kamera. Maneno hayo alikuwa ameyasikia mtaa mzima hadi yakamkinaisha. Kazi yenyewe ilikuwa hivi: yeye hutangulia kumwomba mwenye nyumba ruhusa na kumbandika kipaza sauti kidogo kwenye nguo, kisha Kinyonga hubisha hodi akijifanya mtoto aliyepotea. Mwenye nyumba hujibu apendavyo. Akifungiwa mlango, Kinyonga huuchora kwenye gauni lake jeupe. Mchoraji yeye, mwigizaji yeye, mtengeneza filamu yeye. Jina hakupewa bure.

Watu walimcheka, wengine wakamwita kichaa, mmoja akamfungulia mbwa. Mvumilivu hula mbivu, lakini zake zilikuwa zimeozea mtini. Gauni lilijaa milango, ikabaki nafasi ya kifuani tu.

"Nikipata mtu mmoja wa kuniambia karibu mwanangu, filamu imekwisha," alikuwa amesema asubuhi. "Nikikosa na hapa, naiacha kazi hii."

Nyumba hii aliichagua mwenyewe. Alipanda ngazi zake akairuka ile iliyovunjika bila hata kuitazama.

Mama mwenye nyumba aliushika mlango kwa mikono miwili. Midomo ilimtetemeka. Mpiga picha akafurahi moyoni: huyu sasa ndiye anayejua kuigiza!

Katika chumba cha ndani mwanamume akakohoa. "Nani huyo?"

"Simjui!" mama akapaza sauti mpaka wa ndani asikie. Akamgeukia Kinyonga. "Mwanangu mimi alishakufa. Nenda zako!"

Kwingine kote Kinyonga hushukuru, akatoa brashi. Hapa hakutoa kitu. Alishuka ngazi taratibu, mkono kifuani, akaenda kusimama barabarani.

Mpiga picha alimhurumia. Miaka yote ya kuhangaika, na mambo yamekuja kuishia mlangoni kwa mtu baki. Akazima kamera na kipaza sauti, akaanza kukibandua kwenye nguo ya mama.

"Samahani mama, tumekusumbua. Lakini kuigiza unajua."

Mama alitazama nyuma, kule kwenye kikohozi. Kisha akamshika mkono.

"Hicho umekizima?" akanong'ona.

"Nimekizima, mama."

"Niambie, mwanangu. Bado anaogopa kulala gizani?"