Maana Moja kwa Kila Aya

Tangu serikali iipe kila aya maana moja, Biblia ya kielektroniki iliyofungwa ukutani ndiyo inayotusomea na kutufafanulia. Jana, kwenye ibada ya nyumbani, ilifikia aya ya wake kuwatii waume, ikasema maana yake ni kwamba mke asiulize swali.

"Waraka huu waliandikiwa akina nani, na walikuwa na shida gani?" nikafoka. Miaka ishirini nimewafundisha wachungaji kuanza na swali hilohilo!

Mume wangu, Ambakisye, akainamisha kichwa. Biblia ikanyamaza, taa yake nyekundu ikawaka.

Binti yetu Atupele, wa miaka sita, akasogea ukutani. "Mama, sema umekosea. Shule ya Jumapili wametufundisha, mzazi akiuliza, mtoto ndiye abonyeze kitufe cha kumripoti serikalini."

Akaweka kidole kwenye kitufe kilicho chini ya taa, wala hakukiondoa.