Shahidi wa Revati

"Mumeo akirudi leo, utampokea?" jaji wa mahakama ya Nashik, India, alimuuliza Revati.

Wakili wake alikuwa ameshamfundisha jibu: hapana. Mume alimtelekeza miaka minne iliyopita, akaenda zake bila kuaga, na sheria ya ndoa ya Wahindu inatoa talaka kwa kosa hilo. Lakini vidole vya Revati viling'ang'ania shanga nyeusi za ndoa shingoni.

"Nitampokea, mheshimiwa. Mpaka leo nalala upande mmoja wa kitanda."

Wakili akajishika kichwa. Mama mkwe wa Revati, shahidi wao, akainuka.

"Hata mimi akija nitampikia, nimemzaa. Ila yeye ndiye asiyetutaka." Akafuta macho kwa pindo la sari. "Mheshimiwa, mpe binti yangu talaka yake. Akiolewa tena, nitamsindikiza mwenyewe."