Gamba la Bondeni

Valentini alikuwa akigongomea kigingi cha mwisho cha mpaka wa kambi mpya pale udongo ulipopasuka ukatoa gamba la konokono wa mtoni.

Alichimbua kwa vidole. Magamba yalikuwa mengi, yamelaliana upande mmoja kama yalivyoachwa na maji. Na Mto Mbwemkuru ulikuwa mbali, hatua mia nane.

Mchana ule mpimaji wa ardhi, Mmarekani, alikuwa amemsimulia habari za mto wa kwao kusini, Misisipi, uliohama mkondo ukaumeza mji.

Hapa bondeni vibarua mia mbili wangelala masika yote. Angesema kwamba mto uliwahi kupita hapa, kambi ingehamia kilimani, kwenye muhogo wa mama yake na kaburi la baba yake.

"Vipi, Valentini, mwamba?" mpimaji aliita.

"Udongo mgumu, bwana. Hiki nitakimaliza kesho."

"Kesho asubuhi watu wanafika!"

"Nitawahi, bwana."

Alikiacha kigingi kimeingia nusu, akapanda kilimani. Gamba lilimkata kiganjani, lakini hakulegeza ngumi.

Mama yake aliinua mgongo, jembe mkononi.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Mbona mapema?"

Valentini akafungua ngumi.